Kutengeneza Sauti za Nchi Isiyokuwapo

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa viatu vya dada yangu, vyenye visigino virefu, kwa sababu nilifikiri mpiga mashini wa radio lazima asikike anapokuja. Nilikuwa nimepokewa kwa kazi ya ofisi: kupiga barua, kupokea simu, kupanga karatasi. Radio yetu ilikuwa katika nyumba ya zamani huko Nyalukemba, mjini Bukavu, juu kidogo ya ziwa, na madirisha yote ya upande wa studio yalikuwa yamezibwa kwa magodoro ili makelele ya nje yasiingie. Sekretari aliniambia nisubiri ndani ya koridori. Sikuweza kukaa. Nikawa natembea, naenda na kurudi juu ya sementi, visigino vikilia.

Mlango ukafunguka. Akatoka mama mnene, miwani yake imening'inia kifuani kwa kamba. Alikuwa chef wa production, yaani mkubwa wa watu wote waliotengeneza vipindi, nasi sote tulimwita Maman Chef mpaka siku alipoacha kazi.

"Ni nani iko anatembea hapa?" akauliza.

Nilisema ni mimi, na nikaomba msamaha.

"Usiombe musamaha, mademoiselle. Ingia ndani, utembee tena."

Ndani ya studio kulikuwa na sinia pana la mbao lililojaa changarawe, na pembeni yake mikro ndogo ya kunasia sauti, iliyoinamishwa karibu na ardhi. Fundi wa sauti alikuwa amelala nyumbani na malaria, na mchezo wa radio wa juma hilo ulimhitaji malkia ateremke mlimani kabla ya saa sita za mchana. Malkia mwenyewe, yaani yule dada wa kusema maneno yake, alikuwa amevaa sapato za plastiki zisizotoa sauti yoyote. Basi Maman Chef akanionyesha taa nyekundu na kunieleza kwamba ikiwaka, hakuna mtu kukohoa. Nilipanda juu ya changarawe. Niliteremka mlima kwa dakika nzima bila kusogea mahali nilipokuwa. Halafu akanisimamisha, akaniambia malkia huyo amefiwa na kaka yake, je, ninaweza kuteremka kama mtu mwenye huzuni? Nikajaribu. Nikavuta mguu wa kushoto kidogo, nikachelewesha ule wa kulia. Muigizaji mkubwa wa radio, Papa Saleh, aliyekuwa amesimama kwenye mikro nyingine, alinitazama miguu na kutikisa kichwa kwa kuridhika.

Katika miaka yote niliyofanya kazi pale, nafikiri nilipiga barua tatu.

Kazi yangu iliitwa bruitage. Ni kazi ya kutengeneza sauti za vitu ambavyo havimo ndani ya studio. Msikilizaji hana macho, ana masikio tu, na fundi wa bruitage ndiye anayempatia mlango, mto, moto na ng'ombe. Vijana wa leo wanafikiri tulikuwa tunatoka nje na kuchukua sauti zenyewe. Mimi pia nilifikiri hivyo. Juma langu la pili nilisimama chini ya mabati na mashini ya kunasa sauti, nikaleta mvua ya kweli ya Bukavu, nzito, na fahari kubwa. Tulipoisikiliza ilikuwa kama mtu anakaanga sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani, ndani ya mafuta. Maman Chef hakunicheka. Alichukua lungo, ule ungo wa kupepetea, akatia konzi mbili za maharagi makavu, akauzungusha polepole karibu na mikro. Mvua ikanyesha.

"Kuwa ya kweli haitoshe," aliniambia. "Inapaswa isikilikane ya kweli."

Kwake yeye nilijifunza moto, ambao ni majani makavu ya mgomba yakisuguliwa kati ya viganja. Nilijifunza kutembea kwenye mchanga, na hiyo ni unga wa muhogo uliotiwa ndani ya soksi na kubanwa, kubanwa. Mawimbi ya ziwa yalikuwa beseni moja na taulo iliyolowa. Tawi la mti likivunjika ni muwa. Ndege akiruka ni glavu mbili za ngozi zikipigana. Tulikuwa na mlango uliosimama peke yake katikati ya studio, bila ukuta, wenye kufuli tatu za aina tatu, na kila mgeni aliyetembelea radio alitaka kuufungua.

Baada ya miaka michache nilitumwa Kamanyola, kule chini kwenye bonde la Ruzizi, kwenye kituo kidogo cha kupokea na kurusha upya matangazo yetu. Chef wa kituo alikuwa muzee mpole aliyependa kuandika kila saa joto la hewa ndani ya daftari, na kule joto halikosekani. Kazi ilikuwa kidogo, basi akaniruhusu nizunguke na mashini nikinasa vyura, upepo na sauti za watu wa soko. Huko nilijifunza kunasa watu wanaosema bila kuwafanya waogope mikro: unaikamata kama vile umeshika kijiko. Nitakuja kueleza faida yake.

Niliporudishwa Bukavu nilimkuta Muzee Bisimwa.

Alikuwa mtu mfupi, mwenye kalamu nne ndani ya mfuko wa shati. Miaka mingi alifundisha jiografia katika shule ya sekondari ya mapadri. Alipostaafu alimletea Maman Chef rundo la daftari za wanafunzi zilizojaa mchezo wa radio aliouita *Ng'ambo ya Ukungu*. Siku moja nilimuuliza kwa nini mwalimu wa jiografia ameanza kutunga mambo ya uongo.

"Nilichoka kufundisha inchi zenye ziko," akanijibu. "Zile zote zilishapimwa."

Nchi aliyoitunga ilikuwa upande wa pili wa ukungu unaokaa juu ya ziwa asubuhi. Kule ziwa liko juu, limetandazwa mahali pa mbingu, na watu wanavua kwa kutupa ndoano kwenda juu. Milima inahama siku ya Jumapili ili kutembeleana, na Jumatatu kila mtu anatafuta shamba lake lilipo. Watu hao wa ng'ambo hawana ngoma, hawachongi, hawachori. Sanaa yao ni moja tu, na jina lake ni kijitaje.

Nieleze vizuri, maana kijitaje ndicho kilichojaza maisha yangu. Ni hadithi isiyohusu jambo lingine isipokuwa kusimuliwa kwake yenyewe. Msimulizi anasimama mbele ya watu na kusema: sasa ninaanza, nimevuta pumzi, sauti yangu imetoka mbovu kidogo, mama aliyekaa mbele amemfunika mtoto wake, mtoto amefungua jicho, na mimi nimeyasema hayo, na mama amecheka kwa sababu nimeyasema. Anaendelea hivyo. Sheria yake ni kwamba kila anayekisikia lazima awemo. Hakiwezi kumalizika mpaka kila mtu aliyepo ametajwa. Kule ng'ambo, kadiri Muzee Bisimwa alivyotunga, wanaoa kwa kijitaje, wanafanya haki kwa kijitaje, na mgeni anajulikana amepokelewa pale anapotajwa kwa mara ya kwanza.

Papa Saleh ndiye aliyekuwa msimulizi. Alitoka katika jamaa ya wafanyabiashara Waislamu wa Uvira, ambao wazee wao walikuja kutoka pwani ya mashariki, na Kiswahili chake kilikuwa laini kuliko chetu sote. Sisi tukisema "mutu" yeye alisema "mtu", na Maman Chef aliamua kwamba watu wa ng'ambo ya ukungu wote wanasema kama Papa Saleh.

Uvuvi wa kwenda juu ulinipa shida siku moja tu. Ndoano ikitupwa chini, inalia hewani, halafu maji yanaipokea haraka. Ikitupwa juu, tuligundua kwamba kinachoifanya iende juu ni kimya. Nilipunga ufito hewani, nikahesabu moyoni mpaka nne, ndipo nikagusa maji ya beseni kwa kidole. Halafu samaki akaanguka, pa, juu ya jani la mgomba. Muzee Bisimwa aliyekuwa nyuma ya kioo, katika chumba cha fundi, alitazama dari ya studio.

Lakini kijitaje cha kwanza kilinitesa siku mbili. Muzee alikuwa ameandika kwamba msimulizi wa ng'ambo naye ana mama wa kumtengenezea sauti, na kwa kuwa kijitaje hakifichi kitu, msimulizi anamtaja: "Mama anazungusha maharagi ndani ya lungo ili tusikie mvua." Basi msikilizaji wa Bukavu alipaswa kusikia maharagi. Mimi nilikuwa nimetumia miaka kuyafundisha maharagi yawe mvua, na sasa hayakutaka kuwa maharagi tena. Nilizungusha upesi, ikawa mvua kubwa. Nilizungusha taratibu, ikawa manyunyu. Nilibadilisha lungo, nikatumia sahani ya chuma, nikapata mvua ya mawe. Papa Saleh alikunywa chai chupa nzima akinisubiri. Mimi niliona aibu, na nilianza kufikiri kwamba labda ningebaki na mashini ya kupiga barua.

Siku ya pili, kabla ya sala yake ya adhuhuri, Papa Saleh aliomba tujaribu mara moja ya mwisho. Taa nyekundu ikawaka. Nilikuwa nimechoka, na haragi moja likaniponyoka, likaanguka juu ya sementi, likabingirika mpaka chini ya ule mlango wetu. Nikainama kuliokota. Nilijua nimeharibu. Lakini Papa Saleh hakukatisha. Alisema kwa sauti ileile ya hadithi: "Na moja limemponyoka. Mama ameinama, analitafuta. Amelipata. Analirudisha kwa wenzake." Nikaliachia ndani ya lungo, tik, na kuendelea kuzungusha.

Hakuna tone la mvua linaloanguka peke yake, likatafutwa, likaokotwa. Sasa kila mtu alisikia maharagi. Muzee Bisimwa alikuwa amesimama nyuma ya kioo na mikono yake yote miwili juu ya kichwa, anacheka bila sisi kumsikia. Tangu siku hiyo tulikubaliana kwamba ndani ya kijitaje hakuna kosa. Kikianguka kitu, kinatajwa. Mara moja Maman Chef mwenyewe alipiga chafya, akatajwa, na akafurahi sana kuingia katika mchezo ambao alikuwa akiuongoza miaka yote bila kusikika.

Tulifanya hivyo muda mrefu, kila juma. Barua za wasikilizaji hazikuja nyingi. Wachache waliandika kwamba hawaelewi. Mmoja aliuliza kama nchi hiyo iko upande wa Goma. Muzee Bisimwa alizisoma zote na kuzipanga vizuri ndani ya bahasha, lakini niliona kwamba kila mara alitafuta nyingine chini yake.

Kisha akaja directeur mpya, mkuu wa radio nzima. Sitaki mtu afikiri alikuwa mtu mbaya. Alikuwa amesoma, alikuja kazini mapema kutuzidi, na alitengeneza choo kilichokuwa kimekufa tangu zamani. Alikaa majuma mawili akisikiliza vipindi vyote, halafu akamwita Maman Chef na mimi.

"Bamaman, batu banahitaji kujua barabara gani imekatika, vaccination iko wapi," alituambia. "Ile inchi ya ng'ambo, ni nani anaikala? Nani anaisikiliza?"

Akasema mchezo utaendelea miezi mitatu, Muzee apate nafasi ya kuumaliza kwa heshima. Maman Chef ndiye aliyepeleka habari. Muzee Bisimwa aliipokea kwa adabu, akashukuru, na kuanzia siku hiyo aliandika kurasa fupi. Papa Saleh aliniambia kwamba kurasa zile zina harufu ya mtu anayefunga nyumba.

Katika miezi hiyo mitatu nilitumwa Shabunda. Kulikuwa na radio ndogo ya jamii kule, na walihitaji mtu wa kuwafundisha vijana wao kunasa sauti. Barabara ilikuwa haipitiki, basi nilipanda ndege ndogo ya mizigo, nimekaa juu ya magunia ya chumvi. Kaseti za *Ng'ambo ya Ukungu* zilikuwa zinatumwa kule kwa njia hiyohiyo, ndani ya mfuko wa rubani, zikipigwa kwenye radio yao majuma mawili au matatu baada yetu. Hatukuwahi kupata neno lolote kutoka kwao. Tulituma kama mtu anayetupa jiwe msituni.

Siku yangu ya nne niliwapeleka vijana nje kunasa sauti za kazi. Nyuma ya parokia kulikuwa na wamama kama kumi na wawili wanatwanga mpunga, kila wawili na kinu chao. Niliwasha mashini, nikaikamata kama kijiko. Mama mmoja mrefu, aliyejifunga kikwembe cha kijani kiunoni, alikuwa akisema huku anatwanga, na mwanzoni sikusikiliza maneno, nilikuwa napima nguvu ya sauti tu. Halafu maneno yakaniingia.

"Mimi Mapenzi niko nataja," alikuwa akisema. "Nikitaja, mikono yangu iko inatwanga. Nimetoka jasho. Maman Faida iko mbele yangu, naye anatwanga, ameinua muchi, ameushusha. Amenitazama sababu nimemutaja."

Na yule wa mbele yake akapokea: "Mimi Faida nimesikia nimetajwa. Sasa niko namutaja Mapenzi. Ameacha kutwanga. Anafuta macho na kikwembe."

Vijana wangu hawakushangaa hata kidogo. Waliniambia kwamba wamama wa kikundi hicho wanafanya kijitaje kila siku ya kutwanga, tangu kaseti za mwanzo. Nilipouliza, Maman Mapenzi mwenyewe alinieleza. Yeye na Faida walikuwa majirani waliogombana juu ya mpaka wa shamba, na walipitishana njiani miezi mingi bila salamu. Lakini walikuwa katika kikundi kimoja, na siku wenzao walipoanza kuucheza ule mchezo wa radio kwa kujifurahisha, sheria iliwanasa. Kila aliyepo lazima atajwe. Mara ya kwanza Mapenzi alimtaja Faida kwa neno moja tu, kama mtu anayetema kokwa. Mara ya pili maneno mawili. Mpaka wa shamba, aliniambia, bado hawajapatana vizuri juu yake, lakini wanaujadili wakiwa wanatwanga kinu kimoja.

Nikawaambia kwamba mtu aliyetunga kijitaje ni muzee anayekaa Bukavu. Walikuwa wanafikiri ni kitu cha zamani, cha watu fulani wa kweli. Nikawaambia pia kwamba mkubwa wa radio anataka kukifunga kwa sababu hajui nani anakisikiliza. Walizungumza kwa lugha yao ya Kilega, wakacheka, wakarudi kwenye vinu vyao. Maman Mapenzi akaniomba nisizime mashini.

Nilirudi Bukavu na kaseti ile ndani ya sidiria yangu, kwa sababu sikuiamini mizigo. Sikumwambia mtu kitu. Nilimwomba Maman Chef atukusanye ndani ya studio: yeye, Papa Saleh, Muzee Bisimwa na directeur. Directeur alikuja na faili mkononi, akasema ana dakika kumi. Nikabonyeza.

Tulisikia michi, kwa muda mrefu, duf, duf, duf. Tukasikia Mapenzi akijitaja, na Faida, na wengine mmoja mmoja. Wakanitaja mimi, mama wa Bukavu mwenye kushika mashini kama kijiko. Muzee Bisimwa alikuwa ameegemea ukuta. Halafu sauti ya Mapenzi ikaja karibu.

"Na wewe muzee mwenye ulitunga, uko unasikia sasa. Hatukuone, lakini uko, basi tunakutaja. Umesimama ao umekaa, hatujue. Tunakuachia kiti hapa pembeni ya Faida."

Muzee hakusogea. Kaseti ikaendelea.

"Na wewe mukubwa wa radio, nawe uko unasikia, ni lazima ukuwe ndani. Siye hatujue uko unafanya nini. Ujitaje mwenyewe. Tuko tunakungoja."

Na michi yote ikanyamaza. Ndani ya kaseti kulibaki jogoo mmoja wa mbali na upepo. Sekunde kumi. Directeur alitazama mashini akifikiri mkanda umekatika, akanyoosha kidole kuzima. Papa Saleh akainua mkono taratibu, kumzuia. Kimya kikaendelea. Nilikinasa mimi mwenyewe na nilijua urefu wake, lakini pale kilionekana hakina mwisho. Sisi sote tulikuwa tunamtazama, na wale wamama wa Shabunda nao, naweza kuapa, walikuwa wanamtazama.

Directeur akakohoa.

"Mimi... mimi hapa," akasema, kwa sauti ndogo, akiielekea mashini. "Niko nimesimama. Nimeshika faili. Nilitaka kuzima mashini, na nimeacha."

Na kaseti ikamjibu, palepale, kwa sauti ya wamama kumi na wawili pamoja: "Aksanti. Tumesikia." Na michi ikaanza tena.

Maman Chef ndiye aliyecheka kwanza. Directeur alijaribu kuzuia uso wake, akashindwa, akacheka mpaka akaketi juu ya sinia la changarawe na suruali yake safi. Alisikiliza kaseti yote. Zile dakika kumi hakuzikumbuka tena. Alipotoka alisema mchezo utabaki, lakini ataupeleka Jumamosi asubuhi, mara tu baada ya matangazo ya vifo, kwa kuwa saa ya jioni ameshaiahidi kwa kipindi cha afya. Papa Saleh alisema hakuna saa nzuri kuliko hiyo, maana baada ya vifo kila mtu bado ametega sikio.

Muzee Bisimwa alikuwa amebaki ukutani. Aliniomba nirudishe kaseti mpaka pale pa kimya. Akasikiliza tena, akatoa kalamu moja na daftari.

"Ile ya kungoja mutu ajitaje mwenyewe," aliniuliza, "ni wewe uliwafundisha?"

Nilimwambia hapana, wameitunga wao.

"Mimi sikuiandika," akasema. "Katika sheria zangu haikukuwamo. Bameniongezea sheria." Aliiandika kwa herufi kubwa, akaipigia mstari chini mara mbili. Alipoinua macho yalikuwa yamejaa machozi, na alikuwa na furaha kama mtu aliyeambiwa amepata mjukuu. "Noëlla," akaniita kwa jina langu, "hii inchi sasa iko na batu."

Kurasa zake zikarefuka tena. Aliandika miaka mingine mingi, mpaka vidole vilipokataa kalamu, na hata hapo alimsomea binti yake, binti akaandika. Maman Chef alistaafu, nikapewa nafasi yake. Watu wapya wakaanza kuniita Maman Chef nami, na siku za mwanzo nilikuwa nageuka kutazama nyuma yangu. Directeur alihamishwa, akaja mwingine, na mwingine. Kompyuta zikaingia. Kijana mmoja wa teknik alinionyesha kwamba ndani yake kuna mvua za aina arobaini, unabonyeza tu. Nilizisikiliza zote kwa makini. Nyingine ni nzuri sana, sitadanganya. Sikuona uchungu. Nilimwuliza tu kama kuna ndoano ya kwenda juu, akatafuta asubuhi nzima, halafu akaja kuniomba nimwonyeshe.

Wanaoanza kazi hii leo huniuliza siri yake ni nini. Nawaambia wajifunze kusikiliza mtu mpaka amalize, wawe na mikono isiyoogopa kuchafuka, na wasione haya kuanguka mbele ya mikro. Mengine yote yako katika kompyuta. Na nawaambia wasidhani kwamba anayenyamaza hasikilizi. Sisi tulikaa miaka tukiamini kwamba tunasema peke yetu.

Nimestaafu sasa. Mume wangu alikuwa mekanisiani wa mashua zinazoenda Goma na kurudi, na kazi ile haikumwachia jioni wala Jumamosi hata moja. Katika miaka yote hiyo hakusikia *Ng'ambo ya Ukungu* hata mara moja. Alijua tu kwamba mke wake ananunua maharagi mengi na hayapiki. Naye amepumzika, magoti yake hayataki tena ngazi za mashua. Basi asubuhi, tukishakunywa chai, ananiomba nimsimulie tangu mwanzo. Tumefika mbali. Anapenda zaidi uvuvi, kama mtu wa maji, na ananikatiza kila mara kwa maswali ya fundi: uzi ni wa namna gani, mashua zinapita wapi kama ziwa liko juu.

Juzi aliniuliza swali ambalo halikunijia siku zote za kazi. Alitaka kujua, kule ng'ambo, mtu akitazama juu ndani ya maji yale, anamwona nani.

Nilitafuta kichwani katika daftari zote za Muzee Bisimwa. Jibu hakuliandika popote. Kikombe kilikuwa mkononi, chai imepoa. Nikaanza kusema kwamba asubuhi moja kule, mama mmoja mvuvi alitazama juu kabla ya upepo kuamka, akaona mji uliopinduliwa, wenye vilima na mabati kama wetu, na watu wadogo wanateremka kwenda kazini, na akawaita kwa sauti. Nilisema hivyo, nikaenda mbele, maneno yakawa yananijia yenyewe, mpaka mume wangu akaniwekea mkono gotini.

"Hii ni ya Muzee?" akauliza.

"Hapana," nikamwambia. "Hii ni yangu."

Alivuta kiti chake karibu, akageuza upande wa lile sikio lake zima, lisiloharibiwa na mashini za mashua.

"Basi endelea," akasema.